Kiapo kisicho na shahidi: nguvu na maadili katika Hunter × Hunter

Katika manga ya Hunter × Hunter, ambayo Yoshihiro Togashi alianza kuichapisha mwaka 1998, nguvu ya wahusika huitwa nen. Anayetaka kuizidisha hujiwekea sharti, kisha huapa kulishika. Kijapani kina maneno mawili kwa mambo hayo: moja lina maana ya kizuizi, la pili kiapo. Huandikwa kwa herufi tofauti, lakini yote mawili hutamkwa seiyaku. Masikioni, kujizuia na kuapa ni neno moja.

Kurapika, ambaye ukoo wake uliangamizwa na majambazi wa Genei Ryodan, aliapa kwamba mnyororo wake mmoja utawafunga hao tu. Akimfunga mwingine, afe. Hapa kiapo kinakiwekea kisasi mpaka.

Kwa Gon kiapo hakina mpaka. Ili amuue Neferpitou, aliyemuua Kite, mtoto huyo alitoa uwezo wake wote wa baadaye. Alishinda, akabaki mahututi.

Mwanafalsafa J. L. Austin alionyesha kwamba kuapa ni kutenda kwa maneno, na kwamba tendo hilo hutegemea utaratibu unaokubaliwa na watu. Nen haihitaji watu. Mtu huapa moyoni, bila shahidi wa kumwuliza kama anachokitaka ni haki. Mfumo huu hupima gharama, haupimi wema. Ndiyo maana msomaji humwogopa Gon palepale anapomhurumia.