Fritz Pollard: Alifungiwa milango ya uwanja, akafungua ya biashara

MWAKA 1921 klabu ya Akron Pros ya jimbo la Ohio, Marekani, ilimkabidhi Fritz Pollard jukumu la kuinoa timu huku akiendelea kuichezea. Pollard alikuwa mtu mweusi. Wachezaji wengi aliowaongoza walikuwa Wazungu, na katika miji kadhaa waliyokwenda kucheza, hoteli zilizowapokea wenzake hazikumpokea yeye.

Jina lake kamili lilikuwa Frederick Douglass Pollard. Alizaliwa Januari 27, 1894 mjini Chicago, mtoto wa saba kati ya wanane. Baba yake alikuwa kinyozi, mama yake fundi cherehani. Jirani zao wengi walikuwa Wajerumani, na ndio waliombandika jina la Fritz.

Futiboli ya Marekani si soka. Mpira wake una umbo la yai, hukimbizwa mkononi, na anayeushika huangushwa chini kwa nguvu. Pollard alikuwa na uzito wa takriban kilo 75 tu, mdogo kwa mchezo huo, lakini mbio zake ziliwasumbua wakubwa.

Akiwa Chuo Kikuu cha Brown alijipatia fedha za matumizi kwa kupiga pasi nguo za wanafunzi wenzake. Januari 1, 1916 alikuwa mchezaji wa kwanza mweusi kucheza mechi ya Rose Bowl huko California, ingawa Brown ilifungwa 14-0. Baadaye mwaka huo, Brown iliwafunga Yale 21-6, kisha Harvard 21-0, na Pollard akachaguliwa katika kikosi bora cha vyuo vya Marekani.

Bingwa asiye na chumba

Septemba 1920, wenye timu walikutana katika duka la magari mjini Canton, Ohio, wakaunda ligi ambayo tangu 1922 inaitwa NFL. Katika msimu wa kwanza Akron haikupoteza mechi hata moja, ikatwaa ubingwa. Pollard alikuwa mmoja wa wachezaji wawili weusi katika ligi nzima. Mwingine alikuwa Bobby Marshall.

Ubingwa haukumpa heshima ya kibinadamu. Hapo Akron alilazimika kuvalia jezi katika jengo la biashara ya sigara la mmoja wa wenye timu, badala ya kuvaa pamoja na wenzake. Watazamaji walimtukana na kumrushia mawe. Wapinzani walizoea kumrukia akiwa tayari ameshaanguka, naye akabuni kinga: akianguka tu, alijiviringisha chali na kuinua miguu, njumu zikielekea juu. Aliyetaka kumrukia alijua atakachokutana nacho.

Alitumia nafasi yake kuwavuta wengine. Ndiye aliyemleta Akron Paul Robeson, ambaye baadaye alijulikana duniani kama mwimbaji na mwigizaji. Pollard alizichezea pia timu za Milwaukee, Hammond na Providence, na msimu wake wa mwisho katika NFL ulikuwa wa 1926. Kuanzia 1934 hadi 1945 ligi hiyo haikuwa na mchezaji mweusi hata mmoja.

Mtaji, hasara na kuanza upya

Pollard hakutegemea mpira peke yake. Mwaka 1922, akiwa bado mchezaji, alianzisha mjini Chicago kampuni ya uwekezaji ya F.D. Pollard and Company, miongoni mwa za kwanza nchini humo kumilikiwa na watu weusi. Soko la hisa lilipoporomoka mwaka 1929, biashara nyingi zilikwenda nalo, na mwaka 1931 kampuni yake ilifilisika.

Hakukaa chini. Aliuza makaa ya mawe. Mwaka 1935 alianzisha New York gazeti la Independent News, lililodumu hadi 1942. Aliwatafutia wasanii kazi, akaendesha studio Harlem, akatoa filamu, na baadaye akawa mshauri wa kodi. Mpira pia hakuuacha: milango ya NFL ilipofungwa, aliunda Chicago Black Hawks, timu ya wachezaji weusi, kisha akaifundisha Brown Bombers ya Harlem.

Mwanawe, Fritz Pollard Jr., alishinda medali ya shaba katika mbio za kuruka viunzi za mita 110 kwenye Olimpiki ya Berlin mwaka 1936.

Pollard alifariki dunia Mei 11, 1986 akiwa na umri wa miaka 92. Hakuishi kuona NFL ikipata kocha mkuu wa pili mweusi: Art Shell aliteuliwa na Raiders mwaka 1989, miaka 68 baada ya Akron. Pollard mwenyewe aliingizwa kwenye Ukumbi wa Magwiji wa futiboli ya kulipwa mjini Canton mwaka 2005, katika mji uleule ambako ligi ilianzia.