Thumuni nane hazifanyi ekari

Kama wewe ni mpenzi wa michezo ya kompyuta au filamu za dunia za kubuni, hii unaijua. Kuna mahali hesabu inavunjika, mbili na mbili zinakataa kuwa nne, na kuanzia hapo kuta zinapinda na milango inapotea. Sasa wewe huhitaji kulipia filamu. Panda matatu ya Kitengela, shuka popote penye bango la kuuza ploti, kisha uulize thumuni ya ekari ni futi ngapi.

"Hamsini kwa mia," utajibiwa kabla hujamaliza swali.

Toa simu upige hesabu. 50 mara 100 ni futi za mraba 5,000. Ekari moja ni futi za mraba 43,560, na ukiigawa kwa nane unapata 5,445. Manze, hizo 445 zimeenda wapi?

Usizichukulie poa. Chumba cha futi 10 kwa 10, kile ambacho wengi wetu tunalipia kodi kila mwezi, ni futi 100 za mraba. Kwa hivyo umepungukiwa na vyumba vinne na kabaraza juu yake. Tuseme ploti inauzwa 800,000. Kama umelipa ukiamini unapata thumuni kamili, karibu 65,000 umelipia hewa.

(Hata neno lenyewe lina vituko. Thumuni asili yake ni Kiarabu, moja ya nane. Lakini muulize nyanya yako sumni ilikuwa pesa ngapi, atakwambia senti 50, yaani nusu shilingi. Nane na mbili zimekuwa zikichanganyikana kitambo.)

Kabla hujamwita broka mwizi, chora kidogo. Chukua ekari yenye upande mmoja wa futi 200 na mwingine wa futi 217.8. Panga ploti nne za hamsini kwa mia huku, nne kule, zikitazamana. Urefu wa 200 umejaa. Upana nao umekula 200, na katikati kumebaki kichochoro cha futi 17.8, kama mita 5.4 hivi. Zile futi zako 445 ziko hapo. Ni barabara. Huwezi kuijenga wala kuiwekea ua, lakini bila hiyo ungeingia kwako ukipitia jikoni kwa jirani.

Utamu unaanzia hapa. Mita 5.4 zinatosha boza la maji, sawa. Likikutana na lori la kunyonya choo, mmoja arudi nyuma. Ukitaka barabara ya mita 9, hiyo ni futi 29.5, na ekari haiwezi kunyooka kama chapati. Kila ploti inakatwa futi sita hivi nyuma. Unabaki na hamsini kwa tisini na nne, futi za mraba 4,700 na kitu, na bango bado linasoma hamsini kwa mia. Yaani ploti nane ni ndogo kuliko ekari, halafu hizo hizo nane na barabara ya maana ni kubwa kuliko ekari. Mwandishi wa hadithi za kubuni angeambiwa amezidisha.

Ekari yenyewe ni mgeni hapa. Ni kipimo cha Waingereza, mnyororo wa futi 66 kwa urefu wa futi 660, kilicholetwa na ukoloni kwenye ardhi ambayo Wamaasai waliitumia kwa kufuata malisho na maji. Ranchi ya pamoja ya Kitengela iligawanywa mwaka wa 1988, kila mwanachama akapata kipande chake, na vipande vikaanza kuuzwa. Mwaka wa 2000 ulianza mpango wa kuwalipa wenye ardhi dola 4 kwa ekari kwa mwaka ili wasiweke ua na wanyama wa mbuga ya Nairobi wapite. Linganisha na faida ya kukata ekari hiyo hiyo mara nane, utaelewa kwa nini sensa ya 2019 ilikuta watu 154,436 mjini Kitengela. Pundamilia hakuwa na nafasi.

Halafu kuna hatimiliki, ambayo haijui futi. Yenyewe inaongea hekta. Chini ya jina kama Kajiado/Kaputiei North na nambari ya ploti, utaona tarakimu ndogo ndogo zinazoanza na sifuri, na hapo ndipo vijana wengi wanafunga macho na kutia sahihi. Usifunge. Thumuni kamili ni hekta 0.0506. Hamsini kwa mia kamili ni 0.0465. Ukiona 0.045, umeshuka hadi futi za mraba kama 4,840. Kila 0.001 inayopotea hapo ni mita 10 za mraba, chumba kizima cha futi 10 kwa 10 na chenji.

Nawaza hasa wale wa chama. Mko wanane, mmechanga miaka mitatu, mnanunua ekari moja ili kila mtu apate thumuni yake. Hakuna broka wa kulaumu, ni nyinyi kwa nyinyi. Lakini bila barabara kwenye mchoro wa ugawaji, kaunti haitawapitishia. Kila mmoja atatoa futi zake 445 au zaidi, na yule aliyeahidiwa kipande cha mbele kando ya lami atauliza kwa nini akatwe kwa ajili ya njia ambayo yeye haipiti. Urafiki umeshakufia hapo. Heri mbishane kabla pesa hazijatoka, mkiwa na mpima ardhi mezani.

Kama unanunua peke yako, fanya sachi kwenye ofisi ya ardhi, soma hekta, kisha nenda shambani na kamba ya kupimia, si hatua za miguu ya broka. Simama kwenye jiwe la mpaka umuulize swali moja: hii hamsini kwa mia, barabara imeshatolewa ama bado?