Rais Akiisha Kuondoka Kitini

Kabla reli haijapita Itigi, nyika hii iliyo baina ya Ugogo na Unyamwezi iliitwa na wapagazi Mgunda Mkali. Maji yalikuwa haba na vichaka vilisongamana hata mtu asione hatua kumi mbele yake. Hata hivyo ilikuwa lazima ivukwe, kwa kuwa njia ya Bagamoyo kwenda Tabora ilipita huku, na katika mizigo iliyovushwa mlikuwamo majora ya nguo iitwayo merikani. Nguo hiyo ilikuwa hongo kwa watemi na ujira kwa wapagazi. Ilisokotwa viwandani Massachusetts na kuletwa Unguja kwa merikebu, na mwaka 1833, Andrew Jackson akiwa Rais, Marekani ilifanya mkataba wa biashara na Sayyid Said. Hivyo babu zetu walilivaa jina la Marekani mabegani zamani sana kabla ya kusikia jina la rais wake hata mmoja.

Siku hizi mambo yamegeuka. Nguo zetu zatoka kwingine, bali majina ya marais wa Marekani yanajulikana na kila kijana mwenye simu pale stesheni, naye atakueleza nani alishinda na nani alishindwa. Hatuoni ubaya wowote katika maarifa hayo. Ila twaona kuwa watu hutazama upande mmoja tu wa maisha ya marais hao, yaani siku zao za enzi. Sisi leo tungependa kutazama upande wa pili: rais hufanya nini akiisha kuondoka kitini?

George Washington alitawala vipindi viwili, akaondoka mwaka 1797 akarudi shambani kwake Mount Vernon. (Shamba hilo lililimwa na watumwa, jambo ambalo wamsifuo hupenda kulipita upesi.) Hapakuwa na sheria iliyomlazimisha kuondoka. Desturi aliyoiacha ikashikwa kwa karibu miaka 150, mpaka Franklin Roosevelt alipochaguliwa mara nne, akafa mwaka 1945 akiwa bado Rais. Ndipo Wamarekani walipoona kuwa desturi peke yake haitoshi, na mwaka 1951 wakaandika katika Katiba yao kwamba mtu asichaguliwe kuwa rais zaidi ya mara mbili.

Lakini katika wote, anayestahili kukumbukwa zaidi huku kwetu ni mtu ambaye urais wake haukuwa na makuu. John Quincy Adams, mwana wa rais wa pili, alitawala miaka minne tu, akashindwa na huyo Jackson, akatoka mwaka 1829. Mtu mwingine angejifungia nyumbani kwa uchungu. Yeye alikubali kuchaguliwa mbunge wa kawaida, akaketi miongoni mwa watu waliokuwa chini yake jana, akawa mbunge miaka 17 hata kufa kwake. Wabunge wenye kutetea utumwa walipitisha kanuni kwamba maombi ya kuupinga yasisomwe wala kujadiliwa. Mzee huyo aliyaleta vivyo hivyo, siku baada ya siku, akizomewa na kutishiwa, mpaka kanuni ikafutwa mwaka 1844. Mwaka 1841, akiwa na umri wa miaka 73, alisimama mbele ya Mahakama ya Juu kuwatetea Waafrika waliotwaa merikebu Amistad kutoka mikononi mwa waliowateka, na mahakama ikawaacha huru. Mwezi Februari 1848 alianguka akiwa kitini pake Bungeni, akafa baada ya siku mbili. Katika miaka hiyo hiyo misafara ya pembe na watumwa ilikuwa ikiukata Mgunda Mkali kuelekea pwani.

Wa pili ni Jimmy Carter. Alikuwa ofisa wa jeshi la majini, kisha mkulima wa karanga, kisha gavana wa Georgia. Mwezi Agosti 1977 alimkaribisha Mwalimu Nyerere Washington, wakazungumza juu ya ukombozi wa Kusini mwa Afrika. Wananchi wake walimkataa katika uchaguzi wa 1980. Akarudi kijijini Plains, katika nyumba ile ile aliyoiacha, akafundisha dini siku za Jumapili, akashika msumeno na nyundo kuwajengea maskini nyumba. Zaidi ya hayo alijitia katika vita dhidi ya mnyoo wa Guinea, ule utokao mguuni pa mtu kwa maumivu makali baada ya kunywa maji machafu. Mwaka 1986 wagonjwa walikadiriwa kuwa milioni 3 na nusu. Mwaka 2024 hawakufika 20 duniani kote. Uganda ilithibitishwa kuwa imeondokana nao mwaka 2009, na Kenya mwaka 2018. Bwana Carter alikufa mwezi Desemba 2024, umri wake miaka 100. Miaka minne ya Ikulu na zaidi ya 40 ya uraia: msomaji na apime mwenyewe ipi ilizaa zaidi.

Kwetu nako mifano haikosekani. Mwalimu, aliyepata kufundisha Tabora katika shule ya misheni, aliuacha urais mwaka 1985. Kweli uenyekiti wa chama aliushika mpaka 1990, na wako waliosema kuwa mkono mmoja ulibaki usukani. Lakini Ikulu aliiacha, akarudi Butiama kulima. Mzee Ali Hassan Mwinyi aliondoka mwaka 1995, miaka yake 10 ilipotimia, akaishi raia mtulivu mpaka alipofariki Februari 2024.

Kazi ya mwisho ya Mwalimu ilikuwa kuwapatanisha Warundi. Alifariki Oktoba 1999 haijaisha. Nelson Mandela akaipokea, na Mkataba ukatiwa saini Arusha tarehe 28 Agosti 2000, Rais Clinton wa Marekani akiwapo. Ndani yake mliandikwa kwamba hakuna atakayeongoza Burundi zaidi ya vipindi viwili.

Maneno hayo yalikuja kuwa mzigo mzito katika reli yetu hii. Mwezi Aprili 2015 chama cha Pierre Nkurunziza, aliyetawala tangu 2005, kilimteua agombee tena, wafuasi wake wakidai kwamba kipindi cha kwanza hakihesabiki kwa kuwa alichaguliwa na Bunge. Watu wakaanza kukimbia. Maelfu walijazana katika kijiji cha Kagunga, ukingoni mwa Ziwa Tanganyika, kipindupindu kikawaingia, na meli kongwe Liemba ikawa ikiwavusha kwenda Kigoma, mwisho wa reli inayopita mlangoni petu. Nkurunziza alichaguliwa mwaka huo. Mwaka 2020 hakugombea. Mrithi wake alichaguliwa mwezi Mei, naye akafa tarehe 8 Juni, kabla ya kukabidhi madaraka, pasipo kuishi hata siku moja kama rais mstaafu.