Kistari, Mkwaju na Neno "na" katika Majina ya Watunzi Washirika

Uakifishaji hufundishwa mara nyingi kana kwamba ni suala la pumzi tu: hapa msomaji atue, pale asite. Katika majina ya watunzi wa nyimbo walioshirikiana, hata hivyo, alama hubeba taarifa, na taarifa hiyo yaweza kumpa mtu haki yake au kumpokonya.

Tuanze na neno "na", ambalo lugha yetu imelitwika kazi nyingi. Katika sentensi "Wimbo ulitungwa na Lennon na McCartney", "na" ya kwanza humtambulisha mtenda baada ya kauli ya kutendwa. Ya pili huunganisha. Hapa hakuna utata. Lakini watunzi mashuhuri wa kampuni ya Motown, Marekani, walikuwa Brian Holland, Lamont Dozier na Eddie Holland. Tukiandika "ulitungwa na Holland na Dozier na Holland", msomaji atadhani mpiga chapa amerudia jina kwa bahati mbaya, kumbe Holland hao ni ndugu wawili. Kistari kirefu, Holland–Dozier–Holland, huonyesha kwamba tunataja ushirika wenye jina lake.

Kistari kifupi hakifai kwa kazi hiyo, kwa kuwa huunganisha sehemu za jina la mtu mmoja. Andrew Lloyd Webber huandika jina lake la ukoo bila kistari. Cheo alichotunukiwa Uingereza mwaka 1997 huandikwa Lloyd-Webber, kwa kistari. Mtu ni yule yule. Tukiutaja ushirikiano wake na Tim Rice kwa kuandika "Lloyd-Webber-Rice", nani atajua kama watu ni wawili au watatu? Penye jina la ukoo lenye maneno mawili, "na" ndiyo salama: Lloyd Webber na Rice.

Mkwaju una hatari nyingine. Msomaji wetu ameuzoea katika fomu, "Ndiyo/Hapana", ambamo maana yake ni "au". Chukua wimbo "Malaika", ambao utunzi wake umebishaniwa kwa miaka mingi: wapo wanaomtaja Adam Salim, wapo wanaomtaja Fadhili William. Orodha ikiandika "Salim/William", mmoja atasoma ubishi, mwingine atasoma ushirika. Alama moja imegeuza madai yanayopingana kuwa kazi ya pamoja. Pasipo na uhakika, ubishi na uelezwe kwa maneno.

Hatimaye kuna upatanisho wa kisarufi. "Yesterday", wimbo wa mwaka 1965, ulitungwa na McCartney peke yake, lakini hubeba jina la Lennon–McCartney kwa mujibu wa makubaliano yao. Kwa hiyo "Lennon na McCartney walitunga 'Yesterday'" ni kauli isiyo ya kweli, ilhali "'Yesterday' umeandikishwa kwa jina la Lennon–McCartney" ni kweli tupu. Kiambishi "wa-" huhesabu watu. Kistari kirefu hutaja ushirika.

Pendekezo letu basi ni hili: kistari kifupi kibaki ndani ya jina la mtu mmoja, kistari kirefu, bila nafasi kandoni, kitaje ushirika, "na" itumike tunapozungumzia watu wenyewe na matendo yao, mkwaju uachiwe fomu. Mhariri atakayezingatia hayo atakuwa amemtendea haki mtunzi, si msomaji peke yake.