Je, Wajua? Wanawake wa Songwe Bungeni

Je, wajua kwamba mbunge wa Momba, mkoani Songwe, aliyechaguliwa mwaka 2020 alitangazwa dunia nzima kwa jina ambalo si lake? BBC na vyombo vingine vya nje viliandika "Sichwale". Anaitwa Condester Sichalwe. Herufi zilipishana mahali fulani kwenye dawati la habari, na mpaka leo ukimtafuta mtandaoni unakutana na watu wawili ambao ni mtu mmoja.

Na jina lenyewe lina kisa chake. Kwa desturi ya Wanyamwanga, wanaoishi pande zote mbili za mpaka wa Tunduma na Nakonde, jina la ukoo la mwanamume huanza na Si-, na la mwanamke huanza na Na-. Kaka na dada wa tumbo moja wanaweza kuwa Si-fulani na Na-fulani. Shule na ofisi za serikali hazikuuzoea utaratibu huo. Kwenye makaratasi mtoto wa kike huandikwa jina la baba yake kama lilivyo. Ndiyo maana mkoani Songwe utawakuta kinamama wengi wenye majina ya Si-, na mgeni hatambui kwamba kuna herufi iliyoachwa nyumbani.

Je, wajua BBC walikuwa wanaandika habari gani? Ilikuwa Juni 1, 2021, ukumbi wa Bunge, Dodoma. Condester alikuwa amevaa blauzi ya njano na suruali nyeusi. Mbunge wa Nyang'hwale, Hussein Amar, alisimama kulalamikia mavazi ya wabunge wanawake, akaelekeza kwa dada aliyeketi upande wake wa kulia, mwenye nguo ya njano. Spika wa wakati huo, marehemu Job Ndugai, akasema si mara ya kwanza kupata malalamiko ya namna hiyo, akamwagiza mbunge huyo atoke, akavae vizuri, kisha arudi. Akainuka, akatoka.

Kanuni za Bunge haziwakatazi wanawake suruali. Sharti ni isibane. Picha za siku ile zipo, kila mtu anaweza kuzitazama. Mimi nimezitazama na sijaona kilichobana. Wabunge wanawake wenzake walimtetea hadharani, na walifanya vyema. Kinachoniuma ni kwamba mwanamke aliyeomba kura kijiji hadi kijiji, kwenye wilaya ambayo barabara zake hukatika masika, habari yake ya kwanza kuvuka mipaka ya nchi ikawa suruali.

Kura zenyewe hazikuwa za mteremko. Momba ilikuwa ngome ya upinzani. David Silinde aliingia bungeni kwa tiketi ya CHADEMA mwaka 2010, wakati huo jimbo likiitwa Mbozi Magharibi, akarudi tena 2015. Mwaka 2020 alihamia CCM na kwenda kugombea Tunduma mjini, na Momba ikachukuliwa na Condester, naye akiwa CCM.

Tutoke bungeni kidogo. Je, wajua kwamba jimbo hilo la Momba lina jina linalotajwa kila siku kwenye maabara za anga? Desemba 16, 1938, jiwe kutoka angani lilianguka Ivuna, huko bondeni kuelekea Ziwa Rukwa. Yaliyookotwa hayakufika hata kilo moja. Lakini vimondo vya aina hiyo ni adimu mno, na wanasayansi wakaliita kundi zima kwa herufi mbili, CI. Hiyo I ni Ivuna. Desemba 2020, chombo cha Japani, Hayabusa2, kilipoleta duniani vumbi la sayari ndogo ya Ryugu, watafiti walilipima na kukuta linafanana na mawe ya kundi la Ivuna. Mbozi wana kimondo chao cha tani 12 hivi na watalii wanakwenda kukipiga picha. Ivuna haina nafasi ya namna hiyo katika vichwa vya Watanzania wengi, ingawa kwa sayansi jiwe lake dogo lina uzito wa pekee.

Tukirudi bungeni, Mkoa wa Songwe, uliomegwa kutoka Mbeya mwaka 2016, umetoa pia Juliana Shonza, mbunge wa viti maalumu. Yeye alianzia CHADEMA, kwenye uongozi wa vijana wa BAVICHA, akavuliwa uanachama mapema 2013, akahamia CCM, akaingia bungeni 2015. Oktoba 2017 akawa naibu waziri wa habari, utamaduni, sanaa na michezo. Wapenzi wa Bongo Fleva wanamkumbuka: Machi 2018 ndiye aliyetangaza kumfungia msanii Roma miezi sita kwa sababu ya wimbo "Kibamia", na mwezi huohuo Diamond akamshambulia redioni.

Je, wajua tofauti ya milango hiyo miwili ya kuingia bungeni, jimbo na viti maalumu? Viti maalumu vya wanawake vilikuwa 15 mwaka 1985. Leo Katiba inataka visipungue asilimia 30 ya wabunge wengine wote. Mshahara ni uleule na kura ndani ya ukumbi ni ileile. Lakini Mfuko wa Maendeleo ya Jimbo, ulioanzishwa kwa sheria ya mwaka 2009, husimamiwa na mbunge wa jimbo. Wa viti maalumu hana mfuko wa kununulia mabati ya zahanati. Zaidi ya hapo, Ibara ya 51 inasema Waziri Mkuu atoke miongoni mwa wabunge wa majimbo. Kwa maoni yangu hapo ndipo kura za Momba zinapozidi uzito: mwanamke aliyepita mlango wa jimbo anaweza kufika kiti ambacho hakuna mwanamke aliyekikalia tangu uhuru.

Ndugu msomaji wa Chitete, Kamsamba au Tunduma, kumbukumbu rasmi za Bunge zinasomwa bure kwenye tovuti ya Bunge. Tafuta jina la mbunge wako, liandike kwa herufi zake sahihi, usome ameuliza nini kuhusu barabara yenu.