Jenerali Aliyezoea Mabega ya Watu

Basi la leo linatoka Sumbawanga, linapita Matai, kisha linateremka ukingo wa Ufipa hadi Kasanga, kando ya Ziwa Tanganyika. Hapo Wajerumani walijenga ngome na kuipa jina la Bismarckburg. Tarehe 8 Juni 1916, katika Vita ya Kwanza ya Dunia, ngome hiyo ilitwaliwa na safu ya Waingereza ya Luteni Kanali Ronald Murray, iliyotokea Abercorn, ambayo sasa ni Mbala, Zambia. Maboti ya kivita ya Spicer-Simson, ofisa wa majini wa Uingereza, yalikuwa yamekwisha kufika ziwani, lakini hayakuwazuia Wajerumani, wakaponyoka kwa njia ya maji.

Mkuu wa Murray alikuwa Brigedia Jenerali Edward Northey. Alizaliwa mwaka 1868 katika ukoo wa kikabaila wa Epsom, akasoma Eton na Sandhurst, akaingia jeshini mwaka 1888. Alipigana kwenye mpaka wa India na Afrika Kusini, na mwaka 1915 akajeruhiwa Ubelgiji. Mapema mwaka 1916 alikabidhiwa askari wapatao 2,600, waliotandazwa kutoka Ziwa Nyasa hadi Tanganyika.

Askari ndio wanaotajwa vitabuni. Vita yenyewe ilibebwa na wapagazi. Reli ilikuwa mbali kusini, barabara za magari hazikutosha, na mbung'o waliua ng'ombe wa kukokota. Hesabu yake ni hii: mpagazi anabeba kilo 25 za unga, naye anakula kilo moja kwa siku. Akitembea siku kumi kwenda na kumi kurudi, amekula kilo 20. Askari wa mbele anapata tano. Safari ikiongezeka siku chache, hakuna kinachofika. Ndipo wanahitajika wapagazi wa kuwalisha wapagazi, na vijiji vinaendelea kukamuliwa. Wabemba na Wamambwe walichukuliwa na Waingereza kwa maelfu. Vijiji vya Ufipa vilijikuta kati ya majeshi mawili yaliyoishi kwa ulezi wa wenyeji. Katika vita nzima ya Afrika Mashariki, wanahistoria wanakadiria kwamba wapagazi waliofia upande wa Waingereza walikaribia laki moja, wengi wao kwa maradhi na njaa.

Nimelikalia jambo hili makusudi. Mwanzoni mwa 1919 Northey aliingia Nairobi akiwa gavana wa nchi ambayo sasa ni Kenya, na kwa maoni yangu alitawala kama alivyopigana: kazi ikitakiwa, watu wataamriwa waifanye. Aliwagawia askari Wazungu waliostaafu ardhi kubwa, ikiwemo ya Wanandi. Ardhi ile ilihitaji vibarua. Oktoba 1919 ukatoka waraka uliowataka maofisa na machifu wawahimize vijana waende mashambani kwa walowezi, na hata wanawake na watoto pale mashamba yalipokuwa karibu na makwao. Chifu aliyejua kwamba bwana shauri anahesabu vichwa hakuwa na namna ya kuhimiza bila kulazimisha.

Askofu Frank Weston wa Zanzibar aliupinga waraka huo waziwazi, akaupeleka ugomvi hadi Uingereza. Septemba 1921 Winston Churchill, Waziri wa Makoloni, aliwakataza maofisa kuwatafutia walowezi vibarua. Mwaka uliofuata Northey aliitwa nyumbani, na kiti chake akapewa Robert Coryndon.