Utata wa Maudhui ya Mtandaoni: Nani Huipa Picha Maana Yake?

Kila mtahiniwa wa kidato cha nne anaifahamu sentensi "Mtoto amelalia uji". Ameikuta darasani, ameikuta kwenye mitihani ya majaribio, na huenda ameshaichoka. Sentensi hiyo inaweza kumaanisha kwamba mtoto amelala juu ya uji, au kwamba alikunywa uji tu kisha akaenda kulala. Huo ndio utata: hali ya neno au tungo kuwa na maana zaidi ya moja. Katika sehemu hii hatutarudia mifano ya aina hiyo. Tutatazama utata unaotokea kila siku kwenye simu, katika picha, video, sauti na emoji, na jinsi watumiaji wa mtandao wanavyokipa jina kitu chenye utata, halafu wakakisoma kwa kufuata jina hilo.

Kumbuka sababu za utata ulizojifunza: neno kuwa na maana zaidi ya moja (kama mbuzi, ambaye ni mnyama na pia ni kifaa cha kukunia nazi), mnyambuliko wa vitenzi, uakifishaji mbaya, na matumizi ya maneno bila kuzingatia muktadha. Katika maudhui ya mtandaoni sababu hiyo ya mwisho huzipita nyingine zote. Picha haina kitenzi, kwa hiyo haina wakati. Haisemi "jana" wala "miaka kumi iliyopita". Haisemi "Mwanza", wala haisemi "hawa wanaigiza". Mambo hayo yote huongezwa na mtu, kwa maneno machache anayoyaweka juu au chini ya picha. Maneno hayo tutayaita lebo. Lebo inaweza kuwa maelezo ya picha, alama ya reli yenye neno lake, kichwa cha habari, au hata sauti ya mtu anayesimulia video.

Gauni lililogawanya watu

Mwezi Februari 2015 picha ya gauni moja iliwekwa kwenye mtandao wa Tumblr, ikiwa na swali dogo tu: gauni hili lina rangi gani? Wapo walioona buluu na nyeusi. Wapo walioona nyeupe na dhahabu. Watu wa nyumba moja, wakitazama simu ileile, walibishana hadi kila mmoja akadhani mwenzake anafanya mzaha. Kwa muda mfupi picha ilikuwa imezunguka dunia, na kila upande ukawa na alama yake ya reli, kama timu mbili zenye jezi tofauti.

Wanasayansi walilichukulia jambo hili kwa uzito. Macho yetu hayapokei rangi ya kitu peke yake. Hupokea mchanganyiko wa rangi ya kitu na mwanga unaokiangaza, kisha ubongo hukisia mwanga huo ni wa aina gani na kuuondoa. Picha ile ilipigwa kwa namna ambayo mwanga wake haukueleweka. Aliyekisia kwamba gauni liko kivulini, penye mwanga wa kibuluu, ubongo wake uliiondoa buluu, akabaki na nyeupe na dhahabu. Aliyekisia mwanga wa manjano wa taa aliona buluu na nyeusi. Katika utafiti uliochapishwa mwaka huohuo na kuhusisha watu 1,401, asilimia 57 walisema buluu na nyeusi, asilimia 30 nyeupe na dhahabu, na takribani asilimia 11 buluu na kahawia.

Kuna mambo mawili ya kuzingatia hapa. Kwanza, hakuna aliyedanganya. Watu wawili wakweli wanaweza kutazama kitu kimoja wakapata maana mbili, kwa sababu kila mmoja amejaza kwa kukisia kile ambacho picha haikusema. Pili, ubishi haukumalizwa kwa kura. Ulimalizwa na gauni lenyewe: kampuni iliyokuwa ikiliuza nchini Uingereza ilithibitisha kwamba ni la buluu na nyeusi. Kama asilimia 57 wangekuwa upande wa pili, gauni lisingebadilika rangi.

Mwaka 2018 jambo kama hilo lilitokea kwa sauti. Rekodi fupi ya neno la Kiingereza "laurel", iliyotoka kwenye kamusi ya mtandaoni, ilisambaa ikiwa na swali: unasikia Laurel au Yanny? Masikio yaliyofuata zaidi sauti nzito yalisikia la kwanza, na yaliyofuata zaidi sauti nyembamba yalisikia la pili. Angalia lakini jinsi swali lilivyoulizwa. Msikilizaji alikuwa ameshapewa majibu mawili kabla hajasikia chochote, hivyo alisikiliza akitafuta mojawapo. Lebo ilimtangulia sikioni.

Video iliyokatwa mwisho

Gauni halikumuumiza mtu. Video tutakayoieleza sasa ilichangia vifo.

Katika jiji la Karachi, nchini Pakistan, ilitengenezwa filamu fupi ya kuwatahadharisha wazazi. Watu wawili kwenye pikipiki wanawafikia watoto wanaocheza barabarani, wanamchukua mmoja na kuondoka naye. Muda mfupi baadaye wanarudi, wanamshusha mtoto salama, na mmoja wao anaonesha bango lenye maneno ya kuwakumbusha wazazi jinsi ilivyo rahisi mtoto kuibwa. Mtu fulani aliikata sehemu hiyo ya mwisho. Zikabaki pikipiki, mtoto na vumbi. Kipande hicho kilisambazwa nchini India kupitia WhatsApp kikiwa na lebo kwamba wezi wa watoto wameingia katika eneo letu. Neno "letu" ndilo lililofanya kazi kubwa, kwa sababu kila aliyelipokea alilisoma kuwa ni la kwao. Mwaka 2018 makundi ya watu wenye hasira yaliwashambulia wageni na wapita njia katika majimbo mbalimbali, na waliouawa kutokana na uvumi wa wezi wa watoto hawapungui 20.

Tulichambue tukio hilo kwa jicho la lugha. Kila kilichoonekana katika kipande kile kilipigwa picha kweli; hakuna mtoto aliyechorwa wala pikipiki iliyobandikwa. Kilichoondolewa ni muktadha, na mahali pake pakawekwa lebo. Baada ya hapo mgeni anayempa mtoto peremende njiani alikuwa tayari ana jina kabla hajaulizwa anatoka wapi. Lebo iliyobandikwa kwenye video ilihamia kwa binadamu.

Mwezi Julai 2018 WhatsApp ilianza kuweka alama kwenye ujumbe uliosambazwa, ili mpokeaji ajue kwamba aliyemtumia siye aliyeutunga. Januari 2019 ikaweka kikomo duniani kote: ujumbe mmoja usisambazwe kwa zaidi ya mazungumzo matano kwa mara moja. Baadhi ya wanafunzi wangu huandika kwamba alama hiyo ina maana ya "ujumbe wa uongo". Hilo ni kosa. Alama inasema ujumbe umetoka kwingine, basi. Tangazo la kweli la msiba wa jirani nalo huja na alama hiyohiyo.

Karatasi ya Jiografia

Usidhani haya ni mambo ya India peke yake. Miaka michache iliyopita, katika shule niliyokuwa nikifundisha, picha ya karatasi ya mtihani iliingia kwenye kundi la WhatsApp la wanafunzi wa kutwa, usiku wa kuamkia mtihani wa Jiografia. Sehemu kubwa ya picha ilikuwa na ukungu. Yalisomeka jina la somo na maswali matatu tu. Mtu wa kwanza aliandika: "Hii inafanana na ya kesho." Wa pili akaandika: "Ya kesho hiyo." Wa tatu akaongeza: "Imethibitishwa."

Zisome tena sentensi hizo tatu kama unavyosoma kifungu cha ufahamu. Ya kwanza ni dhana, na neno "inafanana" linakiri hivyo. Ya pili imeliacha neno hilo. Ya tatu imetumia kauli ya kutendwa, na unajua sifa ya kauli hiyo: inaweza kumficha mtenda. Imethibitishwa na nani? Hakuna aliyeuliza. Ndani ya ujumbe wa tatu kisio kiligeuka kuwa taarifa, na hakuna hata mmoja wao aliyekuwa na ushahidi mpya wa kuongeza.

Binti mmoja niliyemfundisha, hodari sana wa ramani na takwimu, alikesha akikariri majibu ya maswali yale matatu. Hayakutoka. Alipotoka kwenye chumba cha mtihani macho yalikuwa mekundu, akaniambia, "Mwalimu, saa ya pili nilisinzia juu ya ramani." Ramani ndiyo iliyokuwa somo lake. Wiki iliyofuata mwalimu mwenzangu aliitoa karatasi ileile kabatini: ulikuwa mtihani wa majaribio wa mkoa mwingine, wa mwaka uliotangulia. Aliyeituma mara ya kwanza huenda alitaka kuwasaidia wenzake tu kujisomea.

Ndiyo maana sheria nayo huangalia nia na ufahamu wa mtu. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 ilipotungwa, kifungu cha 16 kiliweka adhabu kwa anayechapisha taarifa akijua ni za uongo au za kupotosha, kwa nia ya kuupotosha umma: faini isiyopungua shilingi milioni 5, au kifungo kisichopungua miaka 3, au vyote pamoja.

Lebo zinazosaidia

Watumiaji wa mtandao pia hujitafutia njia za kuondoa utata. Mtandao wa Twitter, ambao sasa unaitwa X, ulianza mwaka 2021 nchini Marekani mpango wa kuwaruhusu watumiaji waandike maelezo ya ziada chini ya ujumbe unaoweza kupotosha. Maelezo hayo hayaoneshwi kwa wote kwa sababu tu yamepata kura nyingi. Yanahitaji kukubaliwa na watu ambao kwa kawaida hawakubaliani. Chukua mfano wa mpira: mashabiki elfu wa timu moja wakisema ile ilikuwa penalti, hujajifunza kitu, lakini shabiki wa Simba na shabiki wa Yanga wakikubaliana kwamba mpira uligusa mkono, unaweza kuanza kuwasikiliza. Udhaifu wa njia hii ni kwamba makubaliano huchukua muda, na uvumi huwa umeshafika mbali.

Emoji tuzitaje kwa ufupi. Viganja viwili vilivyounganishwa husomwa kama "asante", "naomba", "Amina" au "pole", na wapo wanaoviona kuwa ni watu wawili wanaogonganisha mikono. Uso unaocheka hadi kutoa machozi, ambao kamusi za Oxford ziliuteua kuwa neno la mwaka 2015, shangazi yangu aliwahi kuutuma kwenye kundi la familia chini ya tangazo la msiba. Vijana walikasirika sana. Yeye alikuwa ameona machozi, wao walikuwa wameona mdomo.

Namna ya kujibu

Ukiulizwa ueleze jinsi utata unavyotokea au unavyoondolewa katika maudhui ya mtandaoni, usianze kwa kulaumu mitandao ya kijamii. Hapo watahiniwa wengi hupoteza nusu ukurasa wakiandika kuhusu maadili ya vijana, jambo ambalo halikuulizwa. Anza na maana ya utata. Kisha chukua mfano mmoja na uuchambue kwa kutenganisha vitu vitatu: kinachoonekana, kinachosemwa kuhusu hicho kinachoonekana, na kisichoonekana. Kwa video ya Karachi ungeandika hivi: kinachoonekana ni watu wawili kwenye pikipiki wakimchukua mtoto, kinachosemwa ni kwamba wezi wameingia katika eneo letu, kisichoonekana ni mtoto akirudishwa na bango likioneshwa. Mfano mmoja uliochambuliwa namna hiyo una uzito kuliko mifano mitano iliyotajwa majina tu.

Jaribu mwenyewe. Picha inaonesha wanaume wanne usiku wakitoa magunia kwenye ghala na kuyapakia kwenye lori. Imeingia katika kundi lenu ikiwa na maneno "Wezi wa korosho wanaswa". Andika lebo nyingine mbili zinazoweza kukubaliana na kila kinachoonekana kwenye picha hiyo. Kisha taja mambo matatu ambayo ungepaswa kuyajua kabla ya kuchagua mojawapo, na ueleze ungemuuliza nani.